Kiatu Kimoja Nje ya Mlango

Jirani yangu wa chini, Mzee Onodera, amekufa mara nyingi kuliko anavyoweza kukumbuka. Amekufa kwa upanga, kwa mkuki, kwa kusukumwa mtoni, na mara moja kwa kuangukiwa na lango. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake kule Kyoto, Japani, kwenye studio zilizotengeneza michezo ya televisheni ya watu wa kale wenye panga. Shujaa akichomoa upanga lazima wawepo watu wa kukatwa, na yeye alikuwa mmoja wao tangu akiwa kijana mdogo.

"Asubuhi nakufa kama mwizi," aliniambia siku moja. "Nanawa uso, nabadilisha nguo, mchana nakufa kama askari. Jioni narudi nyumbani nina njaa."

Tunakaa nyumba moja Walthamstow, hapa London, katika zile nyumba zilizoshikana bega kwa bega mtaa mzima. Mimi na binti yangu Jacqueline tuko juu, yeye yuko chini, na mlango wa barabarani ni mmoja. Kwa hiyo najua akitoka, najua akirudi, najua akiwasha jiko. Jacqueline husema ningefaa kazi ya ulinzi. Lakini mtu mwenye mzee chini ya sakafu yake atafanyaje asisikilize? Hasa tangu ile Jumamosi niliponusa kitu kinaungua, nikashuka mbio, nikakuta birika limekaukia motoni na kitako chake kimekuwa chekundu, naye amekaa pembeni anakunja soksi.

"Maji ya chai, Mzee," nilimwambia.

"Ndiyo, asante," akanijibu. "Bila sukari."

Huniita Mama Jackie. Watu wa kwetu wakija kunitembelea hupiga kengele na kuniita hivyo hivyo kutoka nje, basi akadhani ndilo jina langu. Nilipomwambia naitwa Beatha alitikisa kichwa kwa adabu, kesho yake akaniita Mama Jackie. Mimi namwita Mzee. Tunazungumza Kiingereza, mimi cha kwangu na yeye cha kwake.

Kule Kyoto, alinieleza, kufa kulikuwa na adabu yake. Anayekufa asimzidi anayeua. Ukikatwa unageuka, unaipa kamera mgongo, unaanguka, halafu unabana pumzi mpaka shujaa amalize kutazama mbali. Usitoe neno. Neno ni la shujaa. Alinionyesha kwenye korido yetu, kati ya baiskeli ya Jacqueline na ndoo za taka. Aligeuka polepole kama mtu aliyeitwa kwa nyuma, magoti yakalegea, akalala chini bila kishindo. Nikashika ukuta. Alipoinuka alikuwa anacheka, lakini mimi sikucheka, nilikuwa bado natazama kama kifua kinapanda na kushuka.

Alikuwa na binti kule, Chizuru. Alipokuwa mdogo alikaa mbele ya televisheni kila wiki akimtafuta baba yake kwenye kundi la wanaokufa. Siku moja akamuuliza, "Baba, mbona wewe husemi kitu?"

"Nikamwambia, siku nitakayosema nitasema mpaka uchoke," alinisimulia. "Akasema, ahidi. Nikaahidi."

Muda si mrefu akaletwa London kufa katika filamu ya vita. Aliyemshonea mfuko wa damu ya bandia ndani ya shati lake alikuwa Doreen, mwanamke wa hapa hapa Walthamstow, na Mzee hakurudi tena Japani. Mke aliyemwacha huko akadai talaka yake. Chizuru akabaki na mama yake, akakua, akaolewa, akazaa. Hupiga simu mwaka mpya, na siku ya kuzaliwa kwake mzee.

Hapa London alianza kupewa maneno, lakini machache. "Gari liko tayari." "Bwana anawasubiri." Katika filamu hakuwa na jina. Alikuwa mpishi, daktari, mfanyabiashara wa pili kutoka kushoto.

"Nimekuwa Mchina mara nyingi," alisema, "mpaka Wachina wa dukani wakaanza kunisalimia."

Na maneno hayo machache alijifunza kwa sikio. Kwenye karatasi hayamkai. Wazee wa studio walimfundisha hivyo, mmoja anatamka na wewe unarudia mpaka mdomo wako uwe mdomo wake. Doreen ndiye aliyemsomea miaka yote. Na kwa kuwa Doreen alizaliwa na kukulia nyuma ya meza ya mboga ya wazazi wake pale sokoni, Mzee Onodera akawa mfanyabiashara wa Tokyo anayeongea kama mama wa kuuza viazi. Maneno yalikuwa matatu tu, hakuna aliyejali. Doreen alifariki muda mfupi baada ya sisi kuhamia juu. Nilipeleka wali na kuku, nikamkuta Mzee amekaa na fulana ya Doreen mapajani, anarudia peke yake, "Gari liko tayari. Gari liko tayari."

Mwaka jana, majira ya baridi yakiisha, nilimsikia anapanda ngazi zetu. Hakuwa amewahi kupanda ngazi zetu. Nilifungua mlango kabla hajagonga. Viatu alikuwa amevivua huko chini, na alikuwa amekumbatia karatasi.

"Mama Jackie," akasema, "nina jina."

"Jina gani, Mzee?"

"Tanabe. Na nina ukurasa mzima."

Nilimkalisha, nikampa chai. Ilikuwa tamthilia ya televisheni ya jioni, yenye sehemu kadhaa. Yeye ni babu anayeishi London na mjukuu wake. Sehemu mbili za kwanza ananyamaza tu, anamenya machungwa. Sehemu ya tatu mjukuu anamuuliza, "Babu, kwa nini hukurudi?" Hapo babu anaweka kisu chini na kusema ukurasa mzima.

"Nimempigia Chizuru," akasema. "Atatazama kwenye kompyuta, yeye na watoto wake. Nimemwambia ajiandae kuchoka."

Alicheka, nami nikacheka, lakini macho yangu yalikuwa kwenye miguu yake. Soksi moja nyeusi, nyingine ya Doreen, yenye maua.

Akanipa karatasi. "Soma."

"Mzee, Kiingereza changu ni cha kuokota. Nimeishia darasa la saba kule Moshi. Hiki ninachokijua nimekipata kwenye kusafisha wodi. Mngoje Jackie, yeye amezaliwa hapa."

"Jackie anaongea kama anakimbilia treni. Wewe unaongea kama mtu anayepanga vyombo. Naona kila chombo kinapowekwa. Soma."

Nikasoma. Maneno yenyewe yalikuwa hivi, nikiyaleta kwa Kiswahili: Nilipotoka nyumbani niliacha kiatu kimoja nje ya mlango, ili mama yako akikiona ajue sijaenda mbali. Nikaondoka na kimoja mguuni. Mtu hawezi kwenda mbali na kiatu kimoja, nilijiambia. Lakini njia ilikuwa nzuri, na mguu ukazoea. Na yaliendelea hivyo, mpaka mwisho wa ukurasa.

Tangu siku hiyo nikitoka kazini napitia kwake kabla sijapanda juu. Nasoma, anafumba macho, anarudia. Akikwama anainua kidole kimoja, maana yake nisimsaidie, alitafute neno mwenyewe. Nangoja. Alikuwa analipata. Angeweza kusahau kama amekula, angeweza kuniuliza Doreen ametoka saa ngapi, lakini ukurasa ule ulikuwa unamwingia kama maji kwenye udongo mkavu. Nilifurahi. Nikasema kumbe bado kuna mahali ndani yake panashika.

Jacqueline ndiye aliyenitoa kwenye furaha hiyo. Alirudi mapema, akasimama kwenye ngazi na koti lake, akasikiliza. Halafu akakaa kwenye ngazi akicheka mpaka akajishika mbavu.

"Mama," akasema kwa Kiingereza, maana mimi humwambia kwa Kiswahili na yeye hunijibu kwa Kiingereza. "Anaongea kama wewe."

"Kama mimi vipi?"

"Kama wewe kanisani ukisoma somo. Msikilize. Funga macho umsikilize."

Nikafunga macho. Ilikuwa kweli. Ile namna yangu ya kulikanyaga neno mwishoni ili lisiende zake, ile kuivuta sauti juu kabla ya kupumzika. Kiingereza cha mtu wa mlimani, wa kwetu, kinatoka kwenye kinywa cha Mjapani.  Huyu ni babu wa Kijapani kwenye televisheni. Watamsikiaje?

Jumapili nilimwomba Jacqueline amsomee. Alikubali, alishuka na chai yake, akasoma vizuri, polepole kama nilivyomsihi. Mzee Onodera alisikiliza, akamwinamia kwa shukrani, akafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Akainua kidole, tukangoja. Akaanza, akachanganya, kiatu kikawa ndani ya nyumba, mlango ukawa barabarani, kisha hata yale aliyokuwa nayo yakapotea.  Akatazama huku na huku.

"Yuko wapi yule mwingine?" akauliza.

"Yupi, Mzee?" nikamwambia.

"Yule anayenisomea."

Nilikuwa nimekaa karibu naye, magoti yetu yanakaribia kugusana. Jacqueline alinitazama, hakucheka tena. Nikachukua karatasi nikasoma mimi. Na maneno yakamrudia, moja moja, yote, na yote yakikanyaga kama yangu.

Siku ya pili yake nikampigia simu wakala wake, yule mama anayemtafutia kazi. Nikamweleza kwamba Mzee ameshika maneno vizuri, lakini ameyashika kwa lafudhi yangu mimi.

"Lafudhi yako ni ya wapi, mpenzi?"

"Tanzania."

Akacheka vizuri tu, bila ubaya. Akasema nisijisumbue, kutakuwa na mwalimu wa lafudhi pale pale, kazi yake ni hiyo. Nilitaka kumweleza habari za birika pia. Maneno yalinifika mdomoni. Lakini nikaona wakijua watampokonya jina lake, nikamshukuru, nikakata simu.

Walimpigia picha Kenton, upande wa pili wa London, kwenye nyumba waliyokodi kwa watu. Wakala akasema niende naye kama msindikizaji. Wenye nyumba, Bwana Praful na mkewe Kalpana, walikuwa wamesukumwa jikoni kwao wenyewe, sebule imejaa taa na nyaya. Mama Kalpana aliponisikia nikimwambia Mzee "pole pole" kwenye kizingiti, akageuka akasema kwa Kiswahili.

"Karibu, mama. Wewe wa wapi?"

"Moshi."

"Mimi Kisumu. Nimezaliwa huko. Kaa, kunywa chai. Hawa watu wamenihamishia sufuria zangu zote, sijui hata chumvi iko wapi."

Tukakaa mlangoni pa jikoni tukitazama sebuleni. Mzee alikuwa amevalishwa sweta la kijivu, amewekewa machungwa mbele yake, na alionekana babu kabisa. Wakaanza mazoezi. Aliposema sentensi mbili tu, Mama Kalpana akaweka kikombe chini.

"Huyu mzee amesomea wapi?"

"Japani," nikasema.

"Usinidanganye, bibi. Anaongea kama mwalimu wangu wa darasa la nne."

Sikujua nicheke au nilie. Sebuleni watu walikuwa wanatazamana. Mwongozaji, dada mmoja mdogo kuliko Jacqueline kwa sura ingawa sidhani kwa umri, alikuja akapiga magoti kando ya kiti chake, akazungumza naye kwa upole. Kisha akaja mwalimu wa lafudhi, kijana mwenye skafu, akampeleka chumba cha pembeni. Niliona mlango ukifungwa. Nilitaka kusimama niseme, msimfunze, mtamharibia, anachobeba hakina mpini mwingine. Lakini ningesema kama nani? Mimi ni jirani. Nilikuwa nimeshika kikombe cha mtu, kwenye nyumba ya mtu.

Walipotoka, Mzee hakuwa na neno hata moja. Yule binti anayecheza mjukuu akamuuliza kwa sauti nzuri ya kizungu, "Babu, kwa nini hukurudi?" Akamtazama tu kama mtu aliyeulizwa njia ya mtaa asioujua. Wakarudia. Wakarudia tena. Watu wa taa wakaanza kutazama saa zao. Ndipo akageuza kichwa, akatafuta, akaniona mlangoni pa jikoni.

"Yule," akasema. "Yule asome."

Mwongozaji akanifuata. "Wewe ni nani wake?"

"Nakaa juu yake," nikasema. 

Wakanisimamisha nyuma ya kamera. Yule binti alikaa mahali pake, anasogeza midomo bila sauti, na mimi nikauliza kwa Kiingereza changu, "Babu, kwa nini hukurudi?"

Mzee Onodera akaweka kisu chini. Akasema ukurasa mzima. Hakuinua kidole hata mara moja. Uso wake, ule aliofundishwa kuuficha miaka yote ya kufa, ulikuwa wazi kwenye taa, na ulikuwa unasema kabla ya mdomo. Mama Kalpana nyuma yangu alikuwa anajifuta kwa mtandio. 

"Nzuri sana," mwongozaji akasema, na macho yake yalikuwa na maji. "Nzuri sana. Sauti tutaitengeneza baadaye."

Wakati wanakunja nyaya nilimfuata yule jamaa wa vifaa vya sauti. "Kuitengeneza ni kufanya nini?"

"Kuisafisha tu, mama," akanijibu, akiwa na haraka ya kufunga sanduku lake.

Kwenye gari la kuturudisha Mzee alikuwa na furaha kama mtoto aliyetoka kubatizwa. Alinikamata mkono. "Chizuru atachoka," akasema.

Kutoka hapo mpaka kuonyeshwa kwa tamthilia zikapita karibu misimu mitatu, na misimu hiyo ilimchukua. Watu wa ustawi wa jamii walikuja wakazima gesi yake, wakamletea jiko la umeme linalojizima. Alianza kuvaa koti kwa ajili ya kulala. Lakini kila jioni nilipopita aliniambia, "Soma," na nilisoma. Nilijua kazi imekwisha, hakuna tena kamera. Sikuweza kuacha. Niliona kwamba nikiacha, na hapo napo patakauka.

Ile sehemu ya tatu ilionyeshwa Jumapili, jua la jioni bado liko madirishani. Jacqueline alimfunga tai. Tukakaa watatu kwenye kochi la Doreen. Yalipoanza kumenywa yale machungwa nilishika mkoba wangu kwa mikono miwili. Mjukuu akauliza. Kisu kikawekwa chini. Uso wa Mzee Onodera ukaijaza televisheni, mdomo ukafunguka, na ikatoka sauti ya mtu mwingine.

Ilikuwa sauti nzuri, sitasema uongo. Nzito, laini, ya Kijapani kwa ile namna Waingereza wanavyodhani Wajapani huongea. Ilifuata midomo yake vizuri sana. Kama hujui, hujui.

Jacqueline akasema kwa sauti ya chini, "Oh, Mama," akaishia hapo.

Mzee alitazama televisheni, akanitazama mimi. Akajishika koo.

"Huyo ni nani?"

"Ni wewe, Mzee."

"Uso ni wangu," akasema.

Halafu simu ikalia, ingawa kule kwa Chizuru ilikuwa alfajiri. Jacqueline akamshikia sikioni. Nilisikia sauti ya mwanamke kwa mbali, inakwenda haraka, inakatika, inarudi, na nyuma yake watoto. Mzee alijibu kidogo kidogo kwa Kijapani. Kisha akaifunika simu kwa kiganja akanigeukia, na macho yake jioni ile yalikuwa safi kabisa, macho ya mtu aliyepo.

"Analia," akasema. "Anasema watoto wamemsikia babu. Anasema sauti yangu haijabadilika hata kidogo, angeijua hata gizani." Akanisogelea. "Nimwambie?"

Nimelea mtoto peke yangu nchi ya watu, na nimejibu maswali mengi ambayo sikuwa na majibu yake. Hili sikuweza. Nikisema mwambie, namnyang'anya Chizuru kitu alichokingoja tangu utoto. Nikisema usimwambie, basi mgeni asiyejulikana ameingia kati yao na atakaa humo daima. Nilimtazama Jacqueline, naye alikuwa anatazama zulia. Sauti ndogo ilikuwa inaita kutoka chini ya kiganja chake, inaita tena.

Akairudisha simu sikioni. Akasema neno moja, akaiinamia kwa heshima kana kwamba mtu yuko mbele yake, akampa Jacqueline aikate.

"Umemwambiaje?" nikauliza.

"Asante."

Jacqueline akazima televisheni.  Nje watu walikuwa wanapita na mabegi yao kuelekea stesheni. Nilidhani amesinzia, lakini mkono wake uliingia chini ya mto wa kochi ukatoka na karatasi, zimechakaa kwenye mikunjo.

"Soma, Mama Jackie."

"Mzee, tupumzike leo."

"Soma."

Nikazifungua, ingawa sikuzihitaji tena. "Babu, kwa nini hukurudi?"

Akafumba macho. "Nilipotoka nyumbani niliacha kiatu kimoja nje ya mlango," akasema, kwa mdomo wangu, kila neno likikanyaga chini, "ili mama yako akikiona ajue sijaenda mbali. Nikaondoka na kimoja mguuni. Mtu hawezi kwenda mbali na kiatu kimoja, nilijiambia. Lakini njia ilikuwa nzuri."

Hapo akakwama. Midomo ikatafuta. Yaliyofuata niliyaona pale mkononi mwangu, maneno matatu tu, na Jacqueline naye aliyaona, akanigusa kiwiko nimpe. Lakini Mzee Onodera alikuwa ameinua kidole.

Tukangoja.